Ali Mazrui, Msimulizi wa Afrika katika Televisheni

Picha haina ulimi. Ng'ombe akionyeshwa katika televisheni anywapo maji mtoni, watazamaji wote humwona ng'ombe yule yule. Lakini msimulizi mmoja aweza kusema kwamba huyo ni mali ya watu wenye neema, na msimulizi mwingine aweza kusema kwamba huyo ni mmoja wa mifugo waharibuo ardhi. Picha ni moja, maana ni mbili. Maana hutoka katika sauti, na mwenye sauti ana nguvu ambayo mtazamaji haioni.

Sisi tukaao Eldoret tuna sababu ya kulijua jambo hili. Tangu Kipchoge Keino aliposhinda mbio za mita 1,500 katika Michezo ya Olimpiki ya Mexico, mwaka 1968, wapiga picha wa nchi za mbali wamekuwa wakija katika nyanda zetu za juu. Huenda Iten, huenda Kaptagat, wakawapiga picha wakimbiaji asubuhi katika njia za udongo mwekundu. Miguu ionekanayo katika filamu zao ni ya wenyeji. Sauti ielezayo kwa nini miguu hiyo ina mbio aghalabu ni ya mgeni. Huyu husema sababu ni hewa ya milimani, yule husema ni damu, na wa tatu husema ni umaskini. Pengine kila mmoja ana sehemu ya ukweli. Lakini mwanafunzi mwenye akili hana budi kuuliza: Je, mwenyeji mwenyewe angesema nini kama yeye ndiye angalipewa kazi ya kusimulia?

Swali hilo si la wakimbiaji peke yao. Liliulizwa juu ya bara zima la Afrika, na mmoja wa watu waliolijibu kwa vitendo alikuwa mwana wa Mombasa, Profesa Ali Al-Amin Mazrui. Yeye alikuwa mwalimu wa elimu ya siasa na mwandishi wa vitabu vingi. Lakini mamilioni ya watu wasiosoma vitabu hivyo walimjua kwa sura na sauti, kwa kuwa mwaka 1986 alisimama mbele ya kamera akaisimulia Afrika kwa muda wa saa tisa. Makala haya yanaeleza jinsi alivyofika mahali hapo, na gharama aliyolipa kwa kusema.

Kwanza na tutazame hali aliyoikuta. Filamu ya hali halisi, yaani ile ionyeshayo mambo ya kweli wala si hadithi ya kubuni, ina gharama kubwa. Yataka kamera, safari, mafundi na kituo cha kuirusha. Kwa hiyo katika miaka ya mwanzo ya televisheni waliosimulia dunia walikuwa watu wa nchi tajiri. Katika mwezi wa Oktoba, 1963, mwanahistoria mkubwa wa Oxford, Hugh Trevor-Roper, alitoa mihadhara katika Chuo Kikuu cha Sussex, na televisheni ya Shirika la Utangazaji la Uingereza, BBC, ikaitangaza. Humo alidai kwamba Afrika kabla ya kuja Wazungu haikuwa na historia ya kufundishwa. Kilichokuwako kilikuwa giza tu. Tarehe 12 Desemba ya mwaka huo huo Kenya ikapata uhuru. Hivyo taifa letu lilizaliwa miezi miwili baada ya msomi kuwaambia watazamaji wa Uingereza kwamba watu wa namna yetu hawakuwa na jana.

Miaka sita baadaye, mwaka 1969, BBC ilionyesha mfululizo maarufu wa sehemu 13 ulioitwa Civilisation, yaani Ustaarabu. Msimulizi wake, Kenneth Clark, alikuwa bingwa wa sanaa, na kazi yake ilikuwa nzuri. Hata hivyo ustaarabu aliouonyesha ulikuwa wa Ulaya ya Magharibi. Mwaka 1984 Mwingereza mwingine, Basil Davidson, alitengeneza mfululizo wa sehemu nane juu ya historia ya Afrika. Davidson alikuwa rafiki wa kweli wa Waafrika, akazionyesha falme na miji ya kale kwa heshima. Tulishukuru. Lakini mtu mzima hatosheki kwa kusemewa, hata kama asemaye ni rafiki.

Sasa tuje kwa Ali Mazrui mwenyewe. Alizaliwa Mombasa tarehe 24 Februari, 1933. Wamazrui ni ukoo wa asili ya Omani uliotawala Mombasa hadi mwaka 1837, uliposhindwa na Seyyid Said. Baba yake, Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, alikuwa Kadhi Mkuu wa Kenya na mwanachuoni aliyependa kuandika. Mwaka 1932 alianzisha gazeti la Al-Islah, akawahimiza Waislamu wa pwani watafute elimu na wajitengeneze. Kijana Ali alikulia katika nyumba ambamo Kiswahili kilizungumzwa, Kiarabu kilisomwa, na Kiingereza kilikuwa kikibisha mlangoni. Sheikh Al-Amin alifariki mwaka 1947, mwanawe akiwa na umri wa miaka 14 tu.

Msomaji asidhani kwamba njia ya kijana huyu ilikuwa nyeupe. Katika mtihani wa cheti cha Cambridge alipata daraja la tatu, na daraja hilo halikumfungulia mlango wa Makerere. Akaajiriwa kuwa karani katika Taasisi ya Elimu ya Kiislamu ya Mombasa. Kilichomwokoa ni ulimi. Katika sherehe ya Maulidi alitoa hotuba, na miongoni mwa wasikilizaji alikuwapo Gavana wa Kenya, Sir Philip Mitchell. Hotuba ilimpendeza Gavana, na mwisho wa mambo karani yule akapata nafasi ya kwenda kusoma Uingereza. Alianza Huddersfield, akamaliza masomo ya sekondari. Akaenda Manchester, akapata digrii mwaka 1960. Akavuka bahari hadi Chuo Kikuu cha Columbia, New York, akapata digrii ya pili mwaka 1961. Na mwaka 1966 Oxford ikampa udaktari. Oxford hiyo ndiyo iliyokuwa ya Trevor-Roper.

Kabla ya kuupata udaktari huo alikuwa amekwisha kuanza kufundisha Makerere, mwaka 1963. Chuo kilichomkataa kama mwanafunzi kilimpokea kama mwalimu, na baada ya miaka miwili tu kikampa uprofesa. Hapo ndipo alipojifunza kazi ya kusema mbele ya umma. Kumbi za Makerere zilijaa watu alipojadiliana na wapinzani wake. Mwaka 1966, Kwame Nkrumah alipokwisha kupinduliwa, Mazrui aliandika makala yenye kumsifu na kumlaumu Nkrumah kwa pamoja, na wapenzi wa Nkrumah walikasirika. Tabia hiyo ya kusema neno lisilotazamiwa haikumwacha maisha yake yote.

Lakini neno la wazi lahitaji nchi yenye kulivumilia. Idi Amin alinyakua serikali ya Uganda tarehe 25 Januari, 1971. Mwaka uliofuata Makamu Mkuu wa Makerere, Frank Kalimuzo, alichukuliwa na watu wa utawala huo asionekane tena. Jaji Mkuu, Benedicto Kiwanuka, naye alipatwa na msiba kama huo. Mazrui aliona kwamba chuo hakina tena nafasi kwa mtu wa maneno, akaondoka mwaka 1973. Tangu mwaka 1974 alifundisha katika Chuo Kikuu cha Michigan, Marekani, na tangu mwaka 1989 katika Chuo Kikuu cha Binghamton, jimbo la New York. Hivyo aliyeisimulia Afrika kwa sauti kubwa kuliko wengi aliisimulia akiwa mbali nayo. Si kwamba hakuipenda. Bali katika siku zile dikteta wa Kiafrika alikuwa akimziba mdomo Mwafrika mwenzake kuliko mgeni alivyomziba.

Mwaka 1979 BBC ilimwalika kutoa Mihadhara ya Reith. Mihadhara hii ya redio ilianza mwaka 1948, na kualikwa kuitoa ni heshima kubwa. Mazrui alitoa mihadhara sita juu ya hali ya Afrika. Hakuja kubembeleza. Mathalan, alidai kwamba maadamu mataifa makubwa yanajiwekea silaha za nyuklia na kuwakataza wengine, Afrika nayo haina budi kutafuta uwezo huo, ili wakubwa waingiwe na hofu na wazitupe za kwao. Wengi walilikataa wazo hilo, na mpaka leo laweza kukataliwa kwa hoja nzuri. Lakini wasikilizaji waligundua kwamba hapa yuko msemaji wa Kiingereza fasaha asiyerudia mawazo ya Waingereza.

Kutoka katika redio, hatua iliyofuata ilikuwa televisheni. BBC ilishirikiana na kituo cha WETA cha Washington, pamoja na Mamlaka ya Televisheni ya Nigeria, kutengeneza mfululizo wa sehemu tisa. Mazrui ndiye aliyeandika maneno na ndiye aliyesimulia. Ukaitwa The Africans: A Triple Heritage, maana yake Waafrika na urithi wao wa namna tatu. Ulionyeshwa mwaka 1986, na kitabu chake kikatolewa mwaka huo huo.

Je, urithi huo wa namna tatu ni upi? Mazrui alisema kwamba Mwafrika wa leo ni mrithi wa mambo matatu: mila za wenyeji zilizokuwako tangu kale, Uislamu, na ustaarabu wa Magharibi. Wazo lenyewe lina mababu. Edward Blyden alikwisha kuandika mwaka 1887 juu ya Ukristo, Uislamu na watu weusi, na Nkrumah alilifufua wazo hilo mwaka 1964. Kazi ya Mazrui ilikuwa kulitoa vitabuni na kulionyesha machoni. Mtazamaji aliona kwamba mtu mmoja aweza kusali msikitini, kuvaa suti ofisini, na kumwendea mganga wa kienyeji usiku, wala hajioni kuwa watu watatu. Mwana wa Mombasa hakuwa na haja ya kulitafuta jambo hili mbali. Lilikuwa katika nyumba aliyozaliwa.

Sehemu tisa hizo zilianza na maumbile ya bara, kwa kuwa Afrika ndiyo makao ya kwanza ya binadamu, na jangwa na mito yake ndiyo iliyopanga njia za watu. Zikaendelea na familia na mila, dini, unyonyaji wa biashara ya watumwa na ukoloni, vita na mipaka, shida ya kutafuta serikali imara, kuharibika kwa uchumi, mgongano wa tamaduni, na mwisho mahali pa Afrika duniani. Katika kazi hiyo Mazrui hakuwalaumu wageni peke yao. Alisema kwamba ni kana kwamba mababu wa Afrika wamekasirika. Tumeazima kwa Wazungu starehe zao, tukaacha ustadi wao. Tumejifunza kutumia, hatukujifunza kutengeneza. Maneno hayo yalimchoma Mwafrika kuliko yalivyomchoma Mzungu, na yangali yanachoma.

Hata hivyo kelele za kwanza zilitoka Marekani. Mfuko wa serikali ya nchi hiyo usaidiao elimu ya historia, fasihi na falsafa ulikuwa umetoa zaidi ya dola 600,000 kwa kazi hiyo. Mkuu wake mpya, Lynne Cheney, alipoutazama mfululizo kabla ya kuonyeshwa, alikasirika. Aliona kwamba ni shutuma tupu dhidi ya nchi za Magharibi, akachukizwa pia na jinsi Muammar Gaddafi wa Libya alivyoonyeshwa. Tukumbuke kwamba ndege za Marekani zilikuwa zimeipiga Libya kwa mabomu katika mwezi wa Aprili mwaka huo huo. Cheney aliamuru jina la mfuko liondolewe katika orodha ya wafadhili, nalo likaondolewa. Lakini filamu hazikuzuiwa. Katika mwezi wa Oktoba, 1986, Wamarekani walianza kuzitazama.

Tuwe waadilifu tuipime hoja ya Cheney. Alidhani kwamba fedha ya umma yapasa kulipia maelezo yenye mizani, wala si maoni ya mtu mmoja. Hoja hiyo si ya kipuuzi. Lakini yazaa swali jingine: Je, Kenneth Clark aliposimulia ustaarabu wa Ulaya, hakusema maoni ya mtu mmoja? Trevor-Roper aliposema kwamba Afrika ni giza, mizani ilikuwa wapi? Mtu aliyezoea kusikia sauti moja huiona sauti hiyo kuwa ndiyo ukweli wenyewe. Ikija ya pili, huiita upendeleo. Tofauti ya Mazrui na wengi waliomtangulia haikuwa kwamba yeye alikuwa na upande na wao hawakuwa nao. Tofauti ni kwamba yeye aliusema upande wake waziwazi, kila mtu akajua pa kumpinga.

Na Waafrika nao walimpinga. Mpinzani mkubwa alikuwa Wole Soyinka wa Nigeria, aliyepata Tuzo ya Nobel ya fasihi katika mwaka ule ule wa 1986. Soyinka alidai kwamba Mazrui aliupa Uislamu nafasi kubwa mno, akazidunisha dini za asili za Waafrika. Mazrui alijibu, na Soyinka akajibu tena, na katika miaka ya 1991 na 1992 mabishano yao makali yalijaa katika kurasa za jarida la Transition. Mabishano hayo hayakuwa aibu kwa Afrika. Yalionyesha kwamba Trevor-Roper alikosea: watu wasio na historia hawawezi kugombana hivyo juu ya historia yao.

Kisha gurudumu likageuka. Mwaka 1999 televisheni ya Marekani ilionyesha mfululizo mwingine wa sehemu sita juu ya maajabu ya Afrika. Msimulizi wake alikuwa Henry Louis Gates, profesa mweusi wa Harvard. Safari hii Mazrui alikuwa mtazamaji, naye hakuridhika. Alimlaumu Gates kwa jinsi alivyowaeleza Waswahili, na kwa jinsi alivyoukuza mkono wa Waafrika katika biashara ya watumwa. Aliyekuwa ameambiwa kwamba filamu zake zina upendeleo sasa aliona upendeleo katika filamu za mwenziwe. Je, alikuwa kigeugeu? Sidhani. Katika mashindano ya kusimulia hakuna refa aliye juu ya wachezaji wote. Kila msimulizi huhitaji mwingine wa kumsahihisha, na Mazrui hakujitoa katika kanuni hiyo, si alipoumizwa nayo wala alipoitumia.

Kenya haikumsahau. Mwaka 2003 aliteuliwa kuwa Mkuu wa Chuo Kikuu cha Kilimo na Teknolojia cha Jomo Kenyatta. Alifariki katika jimbo la New York tarehe 12 Oktoba, 2014, akiwa na umri wa miaka 81. Mwili wake ulirudishwa Mombasa, akazikwa katika makaburi ya ukoo wake karibu na Ngome ya Yesu. Aliyesema maisha yake yote kwamba mababu wana haki juu yetu alilala pamoja na mababu zake.

Sasa yabaki mambo mawili ambayo kazi yake haikuyamaliza. La kwanza ni fedha. Sauti ilikuwa ya Mwafrika, na Nigeria ilishiriki, lakini sehemu kubwa ya mfuko na mitambo ilitoka London na Washington. Kwa sababu hiyo mtu mmoja wa Washington aliweza kukasirika, na kukasirika kwake kukawa habari ya dunia. La pili ni lugha. Mwana wa Kadhi wa Mombasa, aliyekizungumza Kiswahili tangu utoto, aliisimulia Afrika kwa Kiingereza, kwa kuwa hiyo ndiyo lugha ya waliolipa na ya wengi waliotazama. Mkulima wa Uasin Gishu asiyejua Kiingereza, ambaye habari hizo zilimhusu kuliko mtazamaji wa Chicago, hakusimuliwa.

Mambo hayo mawili sasa ni kazi ya ninyi msomao. Gharama ya kamera imepungua. Leo kijana wa Eldoret aweza kumpiga picha mkimbiaji wa Iten kwa simu iliyomo mfukoni mwake, akamsimulia kwa Kiswahili au kwa Kikalenjin, na watu wa nchi zote wakaona. Lakini simu haileti elimu, wala haileti ujasiri wa kusema jambo lisilowapendeza wenyeji na wageni pia. Mazrui alisoma kwa miaka mingi kabla ya kusimama mbele ya kamera, na aliposimama alikubali kujibiwa.

Kwa hiyo utazamapo filamu yoyote juu ya nchi yako au ya wengine, usiyaamini macho peke yake. Sikiliza ni nani asemaye. Uliza amesimama upande gani, na kama anakubali kuusema. Uliza nani amelipa. Uliza ni nani aliyeonekana katika picha lakini hakupewa nafasi ya kunena. Na siku utakapokuwa wewe ndiwe msimulizi, ujiulize maswali hayo hayo kabla wengine hawajakuuliza.